Alfabeti ya Sukari

Mama hakuwa na kipimajoto.
Alikuwa na bakuli la maji ya bomba,
maji ya Januari ya Blaenau, yale ya kuuma fizi,
na kijiko kilichopinda shingo.
Alidondosha tone. Likiyeyuka, bado.
Likinyumbuka kama ndewe la sikio, bado.
Likilia *ta!* ukingoni mwa bakuli,
"Haya, Eluned, Morfudd, pakeni mikono siagi."

Sukari ya kahawia ratili tatu,
siagi ya chumvi, na asali nyeusi ya miwa
iliyotoka koponi kwa kusitasita, kama mdaiwa.
Na usikoroge.
Sukari ikichemka imesahau kuwa ilikuwa chembechembe;
ukikoroga unaikumbusha,
na ikikumbuka umekula hasara.

Tuliimwaga juu ya bamba la jiwe
alilolitoa baba machimboni chini ya koti,
bamba la kuezekea paa la mtu tusiyemjua.
Basi ipo nyumba mahali, pengine Hamburg,
inavuja hadi leo kwa sababu ya pipi zetu.

Kisha kuvuta.
Mimi huku, Morfudd kule,
kamba ya moto katikati,
nyeusi, halafu kahawia, halafu shaba,
halafu, kwa asiyechoka, dhahabu
ya watu wasio na dhahabu.
Viganja vilibabuka. Hakuna aliyeachia.
Tulikuwa tumenuniana tangu Krismasi
kwa ajili ya soksi,
lakini huwezi kumnunia mtu
aliyeshika ncha ya pili.

Masalia ya sufuria yalikuwa ya ramli.
Kila msichana kijiko kimoja
ndani ya maji baridi, taratibu,
na sukari ikijikunja chini ya bakuli
inaandika herufi ya kwanza ya mume.
Yangu ilianguka wima. Fimbo tupu.
"I," akasema mama, na shangazi wote
wakamtazama Iorwerth wa jirani
aliyekuja kuazima ngazi.
Maskini, hata ngazi aliisahau.

Ya Morfudd ilijikunja kama ndoana.
"J," akasema.
Jiko zima likaangua kicheko,
maana alfabeti yetu haina J;
ni herufi ya wageni, ya kuazima.
Naye akaitafuna papo hapo, kavu,
akitutazama mmoja mmoja.
Miaka miwili baadaye alipanda treni ya Liverpool,
na harusini tukaambiwa bwana anaitwa Jasper.

Leo nimechemsha peke yangu, ratili moja.
Kuvuta peke yako ni kazi:
nimefunga ncha moja kwenye kitasa cha mlango,
kitasa kikavuta vizuri, kwa kweli,
ila hakina maneno.
Ngazi bado ipo uani.
Iorwerth hakuwahi kuirudisha kwao;
alikuja kuishi iliko.

Simu imesimama kwenye bakuli la mayai,
na ndani yake Morfudd, pua tupu na miwani.
"Umedondosha?"
"Nimedondosha."
"Wasomaje?"
Nikainama. Mkono wangu siku hizi unatetemeka,
sukari ilishuka vipande vipande.
"Hakuna herufi," nikamwambia.
"Kuna nukta. Nukta. Na kimoja chenye mkia,
kama mkato."
Akanyamaza muda mrefu,
nikadhani mtandao umekatika.
"Mkato," akasema. "Basi sentensi haijaisha."

Kisha akaniuliza kama nilitia siagi ya chumvi
au ile ya daktari, isiyo na ladha.
Ya chumvi, Morfudd. Ya chumvi.
Nikautoa mkato majini,
nikauweka upande wa meno yaliyobaki,
na yeye huko Liverpool akasikia
*ta!*